Nimelia, Hakuna Aliyekuja

Mpendwa Bi Mwanarusi, naomba msaada kabla sijawatukana watu wazima. Mimi ni msanii, nimepanga chumba hapa Magogoni, kazi yangu naigiza jukwaani huku filamu niliyoipiga mwenyewe ikionyeshwa ukutani nyuma yangu, na mwezi wa tatu nilikuwa chumbani nafanya mazoezi ya kilio cha msiba, kamera inapiga, majirani wakadhani nimefiwa, wakaja mbio na mikeka, na Mama Munga wa chumba cha pili akaja na unga mikononi, akajitupa chini akaanza kumlilia Munga wake aliyezikwa mwaka jana, nami sikuizima kamera kwa sababu machozi yale hayaigiziki. Baadaye nikawaambia ni mazoezi tu, wakafyonya wakaenda zao, nikajua yamekwisha. Filamu nikaionyesha ukumbi mmoja hapa Kisauni, mimi mbele nikiyarudia maneno ya Mama Munga moja baada ya jingine, watu wakasimama kunipigia makofi, kumbe binti yake yumo.

Sasa Jumanne asubuhi mama yangu mzazi, niliyemleta kutoka Kaloleni aje atibiwe, amenifia mikononi, nimelia mpaka sauti ikanikauka na hakuna mlango hata mmoja uliofunguliwa, na Mama Munga alikuwa hapo uani anaanika nguo, akaniuliza, "Vivian, leo kamera umeiweka wapi?" Hivi hawa ni watu kweli? Maiti tumeitoa mimi na dereva wa kukodi. Tunazika Jumamosi na sina hata wa kunishika mkono. Nihame, au niwapeleke kwa chifu?

Vivian, Magogoni

Vivian, pole sana kwa mama, Mungu ampumzishe. Lakini wa kumpeleka mtu kwa chifu si wewe. Mwanamke kaacha unga wake kaja kukushika, kidonda chake kikafunguka mbele yako, nawe ukakipeleka kwa watu waliokata tiketi. Hukumwomba, hukumwambia, na makofi ukayapokea. Wallahi ningekuwa mimi ningekuuliza hilohilo, tena kwa ukali zaidi. Na usiniletee habari za sanaa. Sanaa haimkatazi mtu kubisha hodi.

Ila mamako hakumkosea mtu hapo uani, na asizikwe kama asiye na watu. Inuka sasa hivi, ujifunge leso, simu uiache ndani. Anza kwa Mama Munga. Kaa chini, na ujizuie kulia, maana ukilia ataona unaigiza. Mwambie kilio cha mwanawe ulikiiba, kwa neno hilohilo, usitafute jingine la kukupendeza. Mwambie filamu ile haionyeshwi tena bila ruhusa yake, na akisema hapana, ifute akikutazama. Ukishayamaliza hayo ndipo umpe habari ya msiba na siku ya mazishi. Kisha mlango wa pili, na wa tatu, mpaka uimalize nyumba nzima. Wako watakaokufungia. Nenda mlango mwingine.

Na wakikuuliza kama safari hii kweli kuna maiti, usikasirike. Jibu.