Nani Alimufundisha Mama Yako Kutembea

Mujukulu wangu Nadège,

Yambo sana kutoka Lubumbashi. Tuko wazima. Muyomba wako amerudi kutoka Mokambo na unga, na masini yangu ya kushona ingali inalia kila asubuhi.

Umeniuliza kama ni kweli ile gazeti ya Bazungu inasema: mama yako alikuwa mutoto wa njaa, mupiga picha mumoja akamuokota, akamufundisha kutembea. Kumuokota! Alikuwa kopo mu barabara?

Sikia. Sikukuwa na sanamu ya kuvalisha manguo, basi tangu mama yako akiwa na miaka tisa, sanamu yangu ilikuwa yeye. Nilimuvalisha robe, manguo ya mabibi-arusi, zikiwa zingali na pini, nikamwambia: "Tembea mpaka ku mulango wa lupango ya nyumba, urudi." Akipinda mugongo, pini inamudunga.

"Mama, inachoma!"

"Basi simama sawa, mutoto muzuri!"

Mabibi matajiri wa Karavia walichagua robe kwa kumuangalia yeye. Leo akitembea kuonyesha manguo ya mitindo, Ulaya yote inamupigia makofi, na ule mugongo niliunyoosha mie!

Nilimupigia simu na hasira yangu yote. Akasema: "Mama, niliwaelezea habari ya pini saa nzima. Wakaandika njaa."

Nikaweka simu, nikakamata karatasi nikuandikie weye.

Wakikuuliza huko kwenu nani alimufundisha, usigombane nao. Taja jina ya kambo yako, mama wa mama yako, polepole, mpaka wamalize kuiandika.

Ni mie,
Kambo Albertine, fundi wa robe