Walicheka Nikiaga

Rafi, wamecheka. Nimelia kweli mbele ya watazamaji mia mbili, na wamecheka.

Leo ndiyo ilikuwa siku yangu ya mwisho kwenye kile kipindi cha vichekesho. Miaka mitano nimeigiza jirani mjinga anayeingia bila hodi, halafu waandishi wananiondoa kwa kumhamishia jirani huyo Alaska!

Nikamwomba mwongozaji, Maureen, niage kwa beti nilizotunga mwenyewe. Akasema, "Haya mshairi, jaribu."

Ubeti wa kwanza tu, sauti ikakatika. Wakacheka. Nikafuta machozi. Wakacheka zaidi, Rafi!

Maureen akapiga makofi: "Safi sana, kaka! Haturudii kurekodi!"

Mama alikuwa safu ya pili. Nilimtazama yeye peke yake. Alikuwa ameshika mbavu kwa kicheko.

Sasa ananipigia. Sipokei.