Kofia ya Uzi wa Njano

Dada yangu mpendwa,

Shikamoo. Ipokee mara mbili, moja ni ya leo na moja ni ya zile siku zote ninazokuamkia mbiombio kwenye simu huku nimening'inia juu ya ngazi. Magoti yako yanaendeleaje? Na shemeji, bado anabishana na redio? Wapwa zangu nao wasalimie sana. Yule mkubwa mwambie nimesikia ameanza kazi, na mjomba wake anasubiri kusikia ni kazi gani hiyo ya kukaa kwenye kiti siku nzima.

Sisi huku wazima. Wifi yako anakusalimu. Yuko jikoni, nimemwomba aje anisaidie kuandika, amekataa. Amesema hii barua ni yangu, niimalize mwenyewe, na hataki kuisoma.

Najua utashangaa. Mimi barua ya mwisho niliandika darasani, na mwalimu aliirudisha ikiwa nyekundu kama imechinjwa. Lakini kwenye simu najijua. Nikifika penye kona nasema mtandao mbaya, nakata. Karatasi haina pa kukatia.

Yale ya mwezi wa pili unayajua kwa juu juu. Nilikupigia nikakwambia mimba imeharibika, ukauliza kama wifi yako anakula. Nikasema anakula. Hakuwa anakula. Ilikuwa ya miezi mitano, dada, na ile nyingine ya mwaka juzi, ambayo sikukwambia kabisa, ilikuwa ya wiki tisa. Ile ya kwanza tulinyamaza wote wawili kama watu waliovunja kioo cha mwenye nyumba. Hii ya pili hatukuweza kunyamaza, maana tumbo lilishaonekana, na majirani walishaanza kumpokea ndoo.

Basi watu wakaja. Kila aliyekuja alisema mtapata mwingine. Jirani wa mlango wa pili alisema, mwenzake alisema, hata yule msimamizi wa dobi anakopiga pasi wifi yako alituma salamu hizo hizo. Mimi nikawa naitikia, ndiyo, inshallah, Mungu yupo. Wifi yako akawa anaangalia kikombe chake. Siku moja wageni walipoondoka akaniambia kwa upole tu kwamba yeye hakutaka mwingine, alimtaka huyo.

Sasa nikurudishe nyuma kidogo. Unakijua kile chumba chetu kidogo, ulicholala mlipokuja. Nilikipiga rangi ya kijani hafifu mwezi wa kumi na mbili, kwa ajili ya mtoto. Mzee Ngazi, yule fundi mwenzangu wa siku zote, tunamwita hivyo kwa sababu miaka ishirini anashika ngazi na hajawahi kuipanda, alinicheka akasema hii ndiyo mara ya kwanza kuniona napiga rangi bila kulaumu ukuta.

Wifi yako alilala hospitali siku tatu. Siku ya pili nilirudi nyumbani, nikasimama mlangoni pa kile chumba, nikajiambia akirudi asikute kitu. Nikatoa kitanda kidogo nikampa jirani. Nikakunja vitambaa. Halafu nikachukua ndoo na rola nikapiga chumba chote nyeupe, kuta nne, mikono mitatu ya rangi, tangu asubuhi mpaka adhuhuri ya siku iliyofuata. Nilipomfuata hospitali mikono ilikuwa bado ina madoa.

Nilidhani atafarijika. Aliingia, akavua viatu, akaenda moja kwa moja hadi kile chumba, akasimama mbele ya ukuta wa karibu na mlango. Akauliza kama nilikuta chochote ukutani hapo kabla ya kupiga rangi. Nikasema hapana, nilipiga tu, sikuangalia. Akasema sawa.

Hiyo "sawa" yake ilidumu miezi saba. Hatukugombana. Chakula kilipikwa, nguo zangu zilifuliwa, tuliulizana habari za kazi. Lakini kila akirudi kutoka dobi alikuwa anaingia kile chumba, anakaa sakafuni anatazama ukuta mweupe kama dakika kumi hivi, ndipo anakuja kuweka chai. Nami nikawa napata kazi za mbali. Ngazi aliniuliza siku moja kama nimehamia kwenye pikapu yake. Siku nyingine akaniuliza ule mkebe wa rangi ya mafuta niliochukua stoo mwezi wa pili nilikwenda kupaka nini, maana nyumbani kwangu hakuna mlango wa chuma. Nikamwambia shughulika na ngazi yako.

Dada, niliona.

Ukutani kulikuwa na mistari. Wifi yako alikuwa kila Jumapili anaegemeza kisigino kwenye fremu ya mlango, anasimama ubavu ukutani, halafu anachora kwa kalamu ya wino pale tumbo lilipofika. Mistari saba, kila mmoja umeutangulia mwenzake kidogo, wa mwisho kama upana wa kidole. Kila mmoja na tarehe yake. Na kwenye ule wa mwisho aliandika kwa herufi ndogo, leo amecheza. Alinificha kwa sababu alijua nitalalamikia ukuta wangu.

Nilisoma yote. Nilisimama hapo na rola mkononi nikasoma tena. Halafu nikafanya kitu ambacho fundi asiyejua kazi asingekifanya. Wino wa kalamu hauzibwi na rangi ya maji. Unapiga mkono wa kwanza, wa pili, hata wa tano, kesho yake unakuta umetokeza kama umeandikwa jana. Dawa yake ni kuutangulizia rangi ya mafuta. Nami nilikwenda stoo, mwendo wa dakika ishirini kwenda na ishirini kurudi, nikachukua mkebe wa rangi ya mafuta ili ile mistari isitokeze tena maisha. Ningeweza kugeuka njiani. Sikugeuka. Sikuweza kuiangalia, dada, huo ndio ukweli. Nilisema namwondolea yeye, kumbe najiondolea mimi.

Jumamosi iliyopita nilirudi mapema, kazi iliharibika kwa mvua. Nikamkuta wifi yako amepiga magoti mbele ya ukuta na kipande cha msasa wangu, ule mkali wa mbao, anasugua. Amekwangua mpaka kwenye plasta, sehemu kubwa kama sahani, vidole vimechubuka. Hakuacha kusugua nilipoingia. Nikamwambia huo si msasa wa ukuta. Kati ya maneno yote duniani, hilo ndilo lililonitoka. Akacheka, dada. Alicheka huku machozi yanamtoka, akaniambia basi nipe ulio wake, fundi.

Nikaleta msasa laini na ndoo ya maji, nikakaa sakafuni karibu naye. Nikamwambia niliona, na nilisoma, na rangi ya mafuta niliifuata kwa miguu yangu, ili akirudi asikute kitu.

Akasema anajua. Akaniambia yeye anashika nguo za watu kutwa, anajua shati lililokaa karibu na jiko na shati lililokaa karibu na bia, sembuse nyumba yake mwenyewe inayonuka thina ya kuchanganyia rangi ya mafuta. Rangi ya maji hainuki hivyo. Alinusa tangu mlangoni siku aliyotoka hospitali. Kwamba nilipaka, alisema, angenisamehe siku ile ile. Kilichomkalia kifuani ni kwamba alinipa nafasi ya kusema nikasema sikuangalia, na kwa miezi saba amekuwa akiomboleza peke yake ndani ya nyumba yenye watu wawili.

Tukasugua pamoja, taratibu, kwa maji. Mistari mingi ilikuwa imeondoka. Tulipata mstari mmoja, wa sita, na vijiherufi vitatu vinne vya lile neno. Nilitaka kuendelea. Akanishika mkono akasema inatosha, acha hapo. Kwa hiyo fundi rangi mzima ana ukuta wenye kiraka, na ndivyo utakavyobaki. Ngazi alikuja Jumapili akaanza kunitania, ukuta gani huo, umepaka umelewa? Wifi yako akamweleza. Yule mzee akavua miwani, akatuambia na yeye ana wawili ambao hawakufika, na mkewe bado anawahesabu. Miaka ishirini tumepanda gari moja, sikuwahi kujua.

Sasa ndio nafika ilipo kona, dada, na sikati.

Tukiwa pale sakafuni wifi yako aliniuliza hili neno la "asikute kitu" nimelitoa wapi. Nikamjibu kwa marehemu mama. Akauliza alilisema lini. Ndipo ikabidi nimweleze, na nilipomaliza akaenda kabatini, akarudi na hii karatasi na kalamu.

Unakumbuka miaka ishirini na minne iliyopita, ulipokuja kujifungulia kwetu, na mtoto akazaliwa hana uhai. Ulikuwa unafuma sweta la njano. Ulikuwa umebakiza mkono mmoja, sindano bado zimo, liko kwenye kile kikapu chini ya kitanda. Uliporudi kutoka hospitali ulilitafuta siku tatu. Uligeuza godoro, ukauliza kila mtu. Mama alisema labda limechukuliwa pamoja na nguo za kufua. Uliniuliza mimi nikiwa nakula, nikasema sijaliona, nikajiongezea na mboga.

Ni mimi dada. Mama alinipa kikapu siku ile ukiwa bado hospitali, akasema hilo sweta lipeleke mbali, akirudi asikute kitu. Simlaumu, yeye naye alidhani anakusaidia, na sasa hayupo wa kujitetea. Sikulipeleka mbali. Nilikaa nyuma ya nyumba nikalifumua, mstari kwa mstari, nikakunja uzi kuwa donge. Uzi mzuri nikaona vibaya kuutupa. Nikamrudishia mama, na baada ya miezi michache akanifumia kofia ya kwenda nayo kazini asubuhi za baridi.

Ndiyo hiyo unayoijua. Ile ya njano. Ile iliyofanya Ngazi na mafundi wote wakaniita Kofia mpaka leo. Nimeivaa miaka yote hiyo. Nimekuja nayo kwako, nimekaa nayo mezani kwako, na mara moja uliigusa hapa juu ya sikio ukamuuliza mama uzi huu ameupata wapi. Mama akasema sokoni. Ukaitazama, ukasema imenipendeza. Hujauliza tena.

Tangu Jumamosi nakumbuka ule mkono wako. Wifi yako alijua kwa pua. Wewe ulifuma uzi ule kwa vidole vyako miezi. Nashindwa kuamini kwamba hukujua, na kama ulijua, umenisubiri muda mrefu kuliko mke wangu, na umekuwa ukiniwekea chakula.

Sijui niombe radhi kwa lipi kwanza. Kwa sweta, kwa uongo, au kwa kuwa siku ile nilikwambia na mimi, nikiwa kijana wa miaka ishirini na miwili nisiyejua lolote, kwamba utapata mwingine. Uliwapata, na nawapenda wapwa zangu. Lakini huyo hatukumtaja tena nyumbani kwetu. Sikuwahi hata kukuuliza alikuwa wa kike au wa kiume. Nakuuliza leo. Kama ulimpa jina, na ukipenda kutuambia, sisi wawili tungependa kulijua. Usipojibu nitaelewa. Lakini nitakuwa nasubiri, na mimi sasa ni zamu yangu kusubiri.

Nisalimie shemeji. Wifi yako anasema mwakani mje, chumba kipo, ila usishtuke ukiona ukuta.

Ni mimi mdogo wako,
niliyekula mboga.

Nimesahau. Kwenye bahasha hii kubwa nimeweka ile kofia. Wifi yako alitaka kuifua na kuifumua ili akutumie uzi mtupu, halafu akasema hapana, si yetu kuigusa. Ina madoa ya rangi kila mahali, nyumba za watu wote hizo. Ukitaka kuifumua, mwisho wa uzi uko ndani, juu kabisa utosini. Papasa kwa kidole utakuta kifundo kidogo. Mama alikifunga kwa nguvu, lakini kinafunguka.