Jina Lililomnyamazisha Odeta

Kambi ya Wapimaji, Mwanza
4 Septemba 2025

Mama mpendwa,

Shikamoo. Natumaini hapo Busisi hamjambo na mguu wako umepata nafuu. Mimi mzima, ila chakula cha kambini hakina chumvi wala huruma. Simu zetu bado wakubwa wa kambi wamezishika, ndiyo maana nampa barua Sabina, muuza dagaa. Mpe chai.

Odeta ametimiza miaka saba, na mwezi ujao watakuja kumpima shuleni. Kazi hii naifanya kila siku, kwa hiyo nisikilize. Mtoto hutia mkono kwenye beseni la maji ya ziwa. Yakitakata, ni kundi la Maji, atafundishwa kuponya. Yakitulia tuli, ni Jiwe, atapelekwa kwenye ujenzi, na hao wanakula vizuri. Yakifuka mvuke, ni Moshi, atatafuta vilivyopotea. Yakianza kumfuata mkono, ni Wito: wafu wanamwitikia. Hao huvushwa kisiwani, na sijaona aliyerudi.

Wito hulala mpaka uamshwe kwa jina la kurithi. Nakuomba, usimwite kwa jina la mhenga yeyote, hasa la bibi Kalunde. Wilhelmina, mama yake Odeta, tulimzika mwaka jana. Nimebakiwa na mtoto huyu tu.

Mwanao,
Mayala

Busisi
12 Septemba 2025

Mwanangu Mayala,

Marahaba, baba. Sisi wazima. Mguu ni uzee, usiutafutie sababu. Mbuzi kazaa mapacha, na Odeta ameng'oka jino, anakusalimia kwa pengo.

Nimekusikia, ingawa mnanishangaza, ninyi watu wa makundi. Bibi Kalunde aliongea na marehemu kwenye misiba ya watu, akapewa shukrani na kitoweo. Leo mngemfukuza kijijini. Haya, wewe ndiye uliyesoma. Sitamwita.

Mama yako,
Evelina

Busisi
3 Oktoba 2025

Mwanangu,

Habari za huko? Za huku si nzuri, wala sitakuzungusha. Odeta aliugua. Zahanati walimpa dawa, akatapika zote. Kisha akaanza kulia, mchana kutwa, kilio kile cha mtoto anayedai jina. Jirani yetu Ngosha alikuja akasimama mlangoni, akaniuliza nangoja nini. Unajua tulivyolelewa: mtoto asiponyamaza, unamtajia majina ya wahenga moja moja, na litakalomnyamazisha ndilo lake.

Nilianza na mengine yote, Mayala. Nilitaja hata ya upande wa wajomba. Macho yakaanza kumgeuka. Nikasema, Kalunde.

Akanyamaza. Homa ikashuka, akaomba uji. Halafu akaniambia, "Bibi, sogea, mama akae." Nikasogea. Akasema mama yake amevaa kitenge cha bluu. Ndicho tulichomzikia, na Odeta hakukiona, maana siku ile alikuwa kwa shangazi yake. Nililia kwa furaha, mwanangu, ndipo nikakumbuka beseni.

Nimpeleke Bujora kwa rafiki yangu, amfiche? Nijibu upesi, nisije nikakosea mara ya pili.

Mama yako

Kambi ya Wapimaji, Mwanza
22 Oktoba 2025

Mama,

Shikamoo. Sabina alifiwa, hakuja mjini. Barua yako nimeipata jana. Ningekujibu mpeleke Bujora siku hiyohiyo, lakini wakati naisoma, walikuwa wameshamchukua.

Aliyempima ni Pius, tunalala naye chumba kimoja. Anasema maji yalimfuata mtoto mpaka yakamwagika mezani, na mtoto akacheka, akadhani ni mchezo.

Nilikuomba jambo moja tu. Najua ulimwokoa na homa, najua, na bado nina hasira na wewe. Usiniandikie kwa sasa. Nitakusamehe, ila si mwezi huu.

Mayala

Busisi
9 Novemba 2025

Mwanangu Mayala,

U hali gani? Ulinikataza kuandika na mimi nimeandika. Mama hakatazwi.

Sisi wazee hatukupimwa, sheria ilitukuta tumeshachakaa. Lakini hakuna anayemzuia mzee kujipeleka. Mimi pia nilirithi jina, la mama yake Kalunde, na tangu wazazi wangu wafe hakuna aliyeniita hilo. Leo asubuhi nimemwomba Ngosha aniite, pale uani. Marehemu baba yako ameitika. Anakohoa vilevile.

Kesho nitavuka daraja na gari la kwanza kwenda Misungwi, nitie mkono wangu kwenye beseni la wapimaji. Watanivusha, nitamkuta mtoto. Anaogopa giza, na hajui kujisuka. Mbuzi nimemwachia Ngosha. Usihangaike kunizuia, ukipata hii nitakuwa nimeshapimwa. Nisamehe ukiweza, usipoweza nitakuelewa.

Mama yako,
Evelina

Kambi ya Wapimaji, Mwanza
10 Novemba 2025

Mama yangu,

Shikamoo. Hujaniandikia, na ni haki yako, mimi ndiye niliyekukataza. Hasira imenichosha. Nimekusamehe, Mama, na wewe unisamehe.

Pius amehamishiwa kwenye boti ya kisiwani, leo amerudi. Amemwona Odeta! Yuko hai, amekonda tu, anaulizia bibi yake. Na imetoka amri mpya: mtoto wa Wito aweza kurudishwa nyumbani akipata mlezi wa ukoo wake. Sharti ni moja, mlezi awe hajapimwa, hana kundi lolote. Mimi nilipimwa. Dada zangu walipimwa. Katika ukoo wote umebaki wewe peke yako.

Kwa hiyo kaa hapohapo nyumbani, usiende popote. Jumamosi nakuja kukuchukua, tumfuate mtoto pamoja. Beba koti, ziwani kuna baridi.

Mwanao,
Mayala