Swali Lako la Mwiba

Wifi yangu Paskalina,

Nimeanza barua hii mara tatu nikaichana. Kila mara nilianza na salamu za adabu, na wewe ukinisikia nasalimia kwa adabu ulikuwa unaniuliza nimevunja nini. Basi leo sisalimii. Nimevunja.

Kwanza habari za nyumbani. Kaka yangu, mumeo, ameharibika. Kihenge changu cha mahindi alikichoma siku ileile, kabla hata mwili wako haujarudishwa nyumbani. Alikimwagia petroli ya pikipiki, akawasha, akasimama karibu mpaka nyusi zikaungua. Nyuki wakawa wanadondoka wanawaka, asali inatiririka na moto juu yake, na yeye anakanyaga na kutukana kama anagombana na watu. Tangu siku hiyo anaua chochote chenye mabawa. Wale dondola wa chini ya paa la jiko lako, wenye kiuno kama uzi, uliotukataza kuwagusa kwa sababu wanakula viwavi wa kabichi, amewaponda kwa ufagio. Yule nyigu mweusi anayejenga kwa udongo ukutani, uliyesema mpaka akuume lazima umfinye, amembandua na nyumba yake akamsaga kwa kisigino. Hata nyuki wadogo wasio na mwiba, wale wa asali ya dawa ya kifua, amewaziba kwa tope kwenye shina lao ili wafe humohumo. Kesho asubuhi anakwenda Getanuwas kuchoma mizinga yako yote.

Na watu wanasema. Wanasema ulizoea ukadharau, kwamba fundi wa nyuki ameuawa na nyuki kwa kushindwa kuwatambua. Msibani kwako mama mmoja alisema ulikwenda na kitenge tu kwa maringo yako. Nilikuwa namimina chai. Niliendelea kumimina.

Maringo ulikuwa nayo, tusidanganyane. Ulipoolewa ukashuka huku kwetu kutoka Mbulu, ulitukuta sisi wa Dirma kila chenye mabawa na mwiba tunakiita dondola. Ulicheka mpaka ukakaa chini. Ulisema ni sawa na mtu anayeita ng'ombe na fisi kwa jina moja, kisha anachukua kibuyu kwenda kukamua. Ukaanza kunifundisha mimi, wifi yako mvivu. Nimtazame mdudu kiuno. Nitazame kama miguu inaning'inia akiruka, na kama ana manyoya. Na kama ameshaniuma akatoroka, nitazame ngozi yangu. Dondola anachoma na kuondoka na silaha yake, akitaka anarudi. Nyuki anaiacha, pamoja na utumbo wake, na harufu ya ule mwiba inawaita wenzake.

Kwa hiyo nilijua, wifi. Hapo ndipo nataka ufike.

Siku ile mahindi yangu yalikuwa chini, juu ya turubai, na wingu limeshuka kutoka Mlima Hanang. Kihenge kilikuwa kitupu miezi mingi. Nilipokwenda kukifagia kitu kikanichoma shingoni. Nikakupigia simu. Uliuliza jambo moja tu: "Aliacha mwiba?"

Ulikuwa juu ya ukucha wangu. Nilikuwa nimeutoa sasa hivi, mdogo, mweusi, na bado unacheza wenyewe. Ningekwambia ndiyo, ungesema tusubiri jua lizame, ungesema kwanza uende Getanuwas kuchukua nguo zako nyeupe na wavu. Mahindi yangelowa. Nikakujibu hakuacha. Nikasema, "Ni dondola tu, wifi. Njoo na fimbo."

Ulikuja na fimbo. Ulikuja na kitenge, na mwanao Elina, kwa sababu nilikwambia ni dondola tu. Mvua ilikuwa inakaribia, nyuki wote wamejikunja ndani, nje huoni hata mmoja, na upepo unavuma kiasi cha kuzima sauti yao. Hukuchunguza tena. Uliniamini. Ukachomeka fimbo chini ya nyasi za kihenge, ukazungusha.

Walitoka wote pamoja. Sijawahi kusikia sauti ile, na sasa naisikia kila siku. Walikufunika uso nikiwa nakuangalia. Elina alikuwa ameshika sketi yangu. Ulipaza sauti mara moja, "Funga mlango," kisha ukakimbia kwenda shambani, mbali na nyumba, ili wakufuate wewe. Nikafunga. Nilikuona kwenye upenyo wa mbao. Ulianguka, ukasimama, ukaanguka. Ulikuwa unajipiga usoni kwa mikono yako mwenyewe, na kila uliyemponda aliita wengine. Punda wangu alikuwa amefungwa kwenye nguzo; alipiga mateke mpaka kamba ikamkata, akafa amefungwa. Mvua ndiyo iliyowaondoa. Nilipokufikia kope zilikuwa zimejaa miiba, na mdomoni mwako walikuwemo, wengine bado hai. Niliwatoa kwa kidole. Tulikupakia kwenye bodaboda, mimi nimekushika kwa nyuma, na kabla ya kufika kwa daktari nikasikia umekuwa mzito.

Mlango sijilaumu. Uliniagiza mwenyewe, na Elina yuko hai. Nalia kwa sababu ya ule mwiba.

Elina sasa akisikia hata nzi, yeye huingia chini ya kitanda. Jana nilimtoa nikamwonyesha nzi mmoja dirishani, nikamwambia amtazame kiuno. Alitazama muda mrefu. Akaniambia, "Shangazi, huyu hana kiuno." Nikaingia jikoni nikalia.

Kesho, kabla kaka hajatoka na dumu lake la petroli, atanikuta mlangoni kwake. Nitamwamkia, kisha nitamwambia kwamba nyuki hawakukuonea, wala wewe hukudharau, na kwamba anayestahili moto wake ni mimi. Anaweza kunipiga. Anaweza kunikataza Elina, na hilo naliogopa kuliko kipigo. Jumapili nitalisema tena mbele ya wale akina mama wa chai. Utetezi ninao: kwetu Dirma wote ni dondola, mtu atasema nilikosea jina. Wangeniamini. Sitausema.

Lala, wifi. Mizinga yako nitaisimamia, na nguo nyeupe nitavaa hata ukiniona nimefanana na kuku wa kisasa. Elina akikua nitamfundisha maswali yako yote, moja baada ya jingine kama ulivyonifundisha.

Na lile la kwenye simu nalijibu sasa. Ndiyo, aliacha mwiba. Nilikuwa nautazama.

Wifi yako,
Veronika