Meno ya Njumu ya Kushoto

Ansab, Maskati

Kwako kaka yangu Wafula,

Pokea salamu nyingi kutoka huku kwenye joto. Habari ya nyumbani? Kifua cha Mama kimepoa, au bado anakohoa akikaa jikoni? Na wewe, hujambo? Mimi mwili ni mzima, namshukuru Mungu, ila roho haijatulia tangu Jumatatu, na kwenye simu nimeshindwa kusema. Ndiyo maana unaona karatasi. Usicheke mwandiko.

Kazi yangu hapa klabuni unaijua, mimi ndiye mtunza vifaa. Jezi, mipira, chupa za maji, na zaidi ya yote njumu za wachezaji, nazisugua kila siku. Yule winga Mskoti niliyekutajia, Gregor, mwenye miaka thelathini na minne, yeye hatupi viatu mlangoni kama wenzake. Hupindua ndoo, anakaa, tunasugua pamoja huku akinisimulia. Alianzia mji mdogo wa bandari, uwanja wa matope, baba yake akisambaza maziwa alfajiri kisha anakuja mechini na koti la kazi. Akiwa na miaka kumi na saba alikuwa tayari anawatesa mabeki watu wazima. Akanunuliwa Uingereza, akapelekwa kwa mkopo huku na huku, akavaa jezi ya taifa mara moja tu, dakika tisa. Halafu Saiprasi, halafu India, halafu hapa. Hizo dakika tisa anazisimulia kuliko mabao yake yote, na ukimcheka anakurushia brashi.

Sasa klabu ya mji wao, ile aliyoanzia, ilimwahidi msimu mmoja wa mwisho, mradi amalize huku akiwa mzima. "Barasa," aliniambia, "nataka baba anione nikistaafu pale pale."

Wiki tatu zilizopita nikaona kitu. Meno ya njumu yake ya kulia yalikuwa yamelika. Ya kushoto yalikuwa kama yametoka dukani jana. Wewe ulikuwa winga, unaelewa. Mtu anayekimbia pembeni kila siku hawezi kumaliza kiatu kimoja, isipokuwa kama mguu wa pili haukanyagi. Nikamwonyesha. Akafunga mlango, akaniambia kano ya nyuma ya kisigino inamuuma tangu mwezi uliopita, anameza dawa kabla ya mazoezi, na nikisema tu, amekwisha. Halafu, kwa kuwa daktari wetu hupenda kuchungulia viatu, akaniomba niyakwangue meno ya kushoto yafanane na ya kulia.

Na mimi mjinga nikakubali! Nikaenda Wattaya kwenye duka la vipuri vya magari, nikanunua tupa, nikawa naketi na kiatu cha mtu mapajani nikikwangua uongo. Tena nilijiona rafiki mwema.

Jumatatu asubuhi, kesho yake tuna mechi ngumu, daktari akaja kumkagua. Ni mama wa Kiomani, wazee wake walitoka Unguja, na mimi na yeye huongea Kiswahili. Akamlaza Gregor kwenye meza, akaminya kisigino. Gregor akatabasamu, akasema hakuna kitu. Daktari akachukua kile kiatu cha kushoto, akapitisha kidole kwenye meno. Kisha akanigeukia, sauti ya kawaida kabisa:

"Mwanangu, nnakuuliza suali moja tu, usinifiche. Hii mikwaruzo ni ya tupa. Huyu mguu wake mzima?"

Wueh! Gregor hajui hata neno moja la Kiswahili, akawa ananitazama usoni.

"Anasemaje?"

"Anauliza kuhusu viatu."

"Mwambie viko sawa."

Walahi nilitaka kusema viko sawa. Mdomo ulikuwa umeshafunguka. Lakini ulinijia wewe, Wafula, siku ya ile fainali pale uwanja wa sokoni, goti limevimba, ukaniambia nisimwambie kocha wala Baba. Mimi ndiye niliyelifunga kwa blada, ule mpira wa ndani wa baiskeli, nikakaza mpaka ukalia. Mimi ndiye niliyekwambia nenda. Leo unapanda shambani ukiburuta mguu, na hata siku moja hatujalizungumza.

Nikamwambia, "Daktari, si mzima. Aliyepiga tupa ni mimi."

"Khatari gani hii mnanifanyia, jamani," akasema, akakiweka kiatu chini polepole. Gregor hakuhitaji mkalimani. Alisimama, akavaa shati, akaniangalia, akatoka.

Picha za hospitali zinaonyesha kano imeliwa. Nilimuuliza daktari kama ingekatika kwenye mechi. Akasema ingeweza kukatika, ingeweza kushikilia, hakuna ajuaye. Ningefurahi angesema ingekatika, maana ningelala. Ile klabu ya kwao imeshamwandikia kwamba imebadilisha mawazo. Mimi nimepewa onyo, kazi ninayo bado. Ila Gregor hasemi nami. Viatu ambavyo havivai tena anavisugua mwenyewe, kwenye ndoo ile ile, akinipa mgongo. Jana nilimpa brashi, akainuka akaenda kutafuta nyingine.

Nisalimie Mama, umwambie maombi yake nayahitaji. Msalimie shemeji Rose, mjomba Simiyu wa kinu cha posho, na mchungaji wetu. Dada yetu Nafula mwambie kitenge nimekiona Sib, nitamtumia.

Na wewe nijibu jambo moja, hata kama litaniuma, tena usimpe shemeji akuandikie. Siku ile ya fainali, kama ningekwenda kwa kocha nikakusemea, nikakutoa uwanjani na mguu wako mzima, leo ungekuwa unanisemesha?

Mdogo wako akupendaye,
Barasa