Ndevu za Linkoni

Jumatatu, 2 Machi

...na bado nasema zimempendeza! Hata kama jana kanisani mama wa kwaya alimkazia macho kuanzia Nasadiki mpaka baraka ya mwisho. Ndevu za kidevuni na mashavuni, masharubu hakuna. Kama Linkoni, yule rais wa Marekani wa wakati wa vita vyao vya wenyewe kwa wenyewe. Picha yake imetundikwa sebuleni kwetu. Mwalimu wa historia huyu niliyeolewa naye aliileta picha kabla ya kitanda!

Mume wangu. Leo siku ya ishirini na nne ya ndoa na bado nikiandika neno hilo nacheka peke yangu.

Ila ndevu ni kosa langu. Wakati wa uchumba Frank alinisimulia kwamba mtoto wa kike wa miaka kumi na mmoja alimwandikia Linkoni barua: uso wako mwembamba, fuga ndevu. Akafuga kweli! Nami nikaandika yangu: Frank mpenzi, uso wako mwembamba...

Jumatano, 4 Machi

Mbavu zangu! Saa nne asubuhi, mtaani Mwembesongo, Frank kanunua chapati, anakula huku anatembea. Mwezi wa Ramadhani! Mzee mmoja akasimama mbele yake: Shehe mzima, hata aibu huna? Frank badala ya kujieleza akatoa shikamoo — mdomo umejaa chapati.

Mzee Gulam wa duka la vitambaa ndiye aliyemwokoa. Mwacheni, labda mgonjwa. Akamwalika futari, na Frank hajawahi kukataa chakula. Tumetoka huko sasa hivi, mimi na mtandio kichwani kwa heshima. Tende, uji wa pilipili manga, sambusa za mkewe! Mzee Gulam alipoambiwa kwamba mgeni wake ni Mkatoliki wa kubatizwa, alicheka mpaka akavua miwani. Akasema njoo tu na kesho, umeshalipia kwa ndevu.

Ijumaa, 6 Machi

Si cheko tena.

Lucy, anayeniletea karoti kutoka kwetu Mgeta, milimani, ameniambia: Shoga, huko juu kila mtu anajua mumeo amesilimu. Kaonekana anafuturu. Wewe mwenyewe na mtandio!

Mjomba Leonard amesikia. Na kwetu Waluguru ukoo ni wa mama, mjomba ndiye mwenye neno. Shamba tuliloahidiwa, lile la karibu na kijito, ni yeye wa kutuonyesha mipaka Jumatatu ya Pasaka. Frank ameshachora nyumba yetu kwenye daftari la maandalio. Ina kibaraza changu! Sasa Mjomba anasema: dini achague mwenyewe, lakini mtu anayebadili bila kuuaga ukoo simwonyeshi hata njia ya kisimani.

Nimelia juu ya karoti.

Jumapili, 8 Machi

Tumempigia Mjomba. Frank akaeleza kwa heshima zote: ndevu ni za Linkoni, aliyewakomboa watumwa.

"Wote?" Mjomba akauliza.

Mungu wangu, angesema ndiyo tu! Lakini Frank hawezi kudanganya. Akasema hapana, Mjomba, tangazo lake lilihusu majimbo yaliyoasi. Majimbo ya upande wake yenye watumwa hakuyagusa.

"Yaani alifungua kamba za kwa jirani, za kwake akaziacha?"

Frank akazidi kuchimba. Kwamba aliandika angeokoa nchi hata bila kumkomboa mtumwa mmoja, ikiwezekana. Kwamba wenyeji asilia thelathini na wanane walinyongwa siku moja kwa amri yake — ingawa waliohukumiwa walikuwa zaidi ya mia tatu, wengine akawanusuru.

"Na ukachagua kidevu cha huyo?"

"Mwishoni alipigania utumwa ufutwe nchi nzima, Mjomba. Alibadilika. Ndiyo maana nampenda. Mtu kubadilika si dhambi."

Sauti yake! Niliyeyuka.

"Haya," Mjomba akasema. "Umekiri." Akakata simu.

Jumanne, 10 Machi

Frank yuko mbele ya kioo, povu usoni, wembe mkononi. Nusu saa sasa. Anasema akinyoa, watasema karudi kundini, kwa hiyo kweli alikuwa ametoka. Asiponyoa, hana shamba. Nikamuuliza Linkoni angefanyaje. Akasema angesubiri mpaka vita vimlazimishe.

Mjomba amepiga! Mpole ajabu. "Rosa mwanangu, maneno mengi ya nini? Nashuka mwenyewe. Ijumaa ya tarehe ishirini na saba. Mpikie mkwe kitimoto. Akila mbele yangu, shamba lenu." Nikashukuru, nikaruka, nikambusu Frank na povu lake.

Ndipo nikatazama kalenda ya parokia. Ijumaa. Kwaresima! Akila nguruwe siku tusiyokula nyama, si Mkatoliki. Asipokula, ni Mwislamu.

Mjomba amesahau? Yeye, mzee wa kanisa?

Nimempigia tena, hapokei. Umeingia ujumbe tu: Usihangaike kupika mwanangu. Ijumaa ni ileile, na kitimoto nakuja nacho mwenyewe.